Cheti Ukutani Hakitoshi: Namna ya Kuijua Maabara Kabla ya Kutoa Damu

Maswali ya wasomaji kuhusu maabara yana sura nyingi, lakini ukiyachambua yanabaki mawili. La kwanza: hii maabara iliyofunguliwa pale stendi, ina kibali kweli? La pili huja kwa hasira zaidi: mgonjwa kapima sehemu mbili, huku kaambiwa ana taifodi, kule kaambiwa yuko salama, amwamini nani?

Maswali hayo ni ndugu. Serikali huangalia jengo, mtu, mashine na vitendanishi, lakini haiwezi kusimama kando ya kila mkono unaochomwa sindano. Sehemu inayobaki iko kwa mgonjwa mwenyewe, na si ngumu kama wengi wanavyodhani.

Nani anasimamia nini

Wengi hudhani "Wizara" inashughulikia yote kwa dirisha moja. Kwa Tanzania Bara kazi imegawanywa, na anayelalamika kwenye mlango usiohusika huzungushwa hadi akate tamaa.

- Maabara binafsi yenyewe: Bodi ya Maabara Binafsi za Afya, PHLB, iliyotokana na sheria ya mwaka 1997. Hii ndiyo inayosajili na kukagua.
- Mtu anayepima: Baraza la Wataalamu wa Maabara za Afya, chini ya sheria ya mwaka 2007. Mtaalamu husajiliwa na kupewa leseni kwa jina lake, si kwa jina la mwajiri.
- Vitendanishi, vipimo vya haraka na mashine: Mamlaka ya Dawa na Vifaa Tiba, TMDA, ambayo hadi mwaka 2019 iliitwa TFDA.
- Eksirei, siti skani na kila chenye mionzi: Tume ya Nguvu za Atomiki Tanzania, TAEC, yenye makao makuu Arusha. Wapiga picha nao wana baraza lao.

Zanzibar ina utaratibu wake, kwa kuwa afya si jambo la Muungano. Msomaji wa Kenya atafute KMLTTB, bodi ya wataalamu wa maabara iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 1999, na kwa upande wa mionzi Mamlaka ya Udhibiti wa Nyuklia, KNRA, iliyotokana na sheria ya mwaka 2019.

Mlangoni: dakika tano za kutazama

1. Linganisha majina. Jina la kwenye bango, la kwenye cheti na la kwenye risiti yawe moja. Cheti cha "tawi letu la Kariakoo" hakiihalalishi maabara ya Mbagala.
2. Soma tarehe. Usivutiwe na fremu ya dhahabu. Tafuta mwaka wa mwisho wa kibali.
3. Uliza msimamizi ni nani. Kuna maabara zinazotumia cheti cha mtaalamu ambaye hajaonekana pale kwa miezi, huku kazi ikifanywa na kijana aliyefundishwa palepale kaunta. Swali "msimamizi wa leo ni nani?" linatosha kuonyesha mengi, hasa kwa namna linavyojibiwa.
4. Tafuta kwenye simu. Wizara ya Afya ina orodha ya vituo vya kutolea huduma, inayofahamika kama HFR, iliyo wazi kwa umma mtandaoni. Andika jina la kituo na wilaya.
5. Dai risiti yenye jina la maabara na orodha ya vipimo. Bila hiyo, malalamiko yoyote baadaye yatakuwa neno lako dhidi ya lao.

Hapa pingamizi hujitokeza: nikianza kuuliza hivyo si nitaonekana mkorofi? Wengine huogopa kwamba sindano itachomwa kwa hasira. Ukweli ni kwamba maabara yenye kazi safi imeshazoea kukaguliwa na watu wakali kuliko mgonjwa, na hupenda kuulizwa. Anayefoka kwa sababu ya swali la cheti amekusaidia kuamua.

Tahadhari moja kuhusu duka la dawa. Kibali cha kuuza dawa hakimpi muuzaji ruhusa ya kuendesha maabara nyuma ya rafu. Na pale mtu yuleyule anapopima, anapotangaza ugonjwa na anapouza dawa, majibu hasi huwa adimu sana.

Usajili, leseni, ithibati: vitu vitatu tofauti

Usajili unasema mahali hapa panatambulika. Leseni inasema mtu huyu anaruhusiwa. Ithibati ni ngazi nyingine: shirika la nje limepima uwezo wa maabara dhidi ya kiwango cha kimataifa cha ISO 15189. Kwa Tanzania maabara nyingi zenye ithibati huipata kupitia SADCAS, yenye makao yake Gaborone, Botswana. Kwa Kenya kuna KENAS.

Kosa la kawaida ni kudhani ithibati hufunika kila kitu ndani ya jengo. Haiko hivyo. Ithibati hutolewa kwa vipimo vilivyotajwa. Maabara inaweza kuwa na ithibati ya kuhesabu chembe za damu na isiwe nayo kwa homoni. Kwa hiyo swali sahihi ni: "Kipimo changu hiki kimo kwenye ithibati yenu?"

Na je, maabara isiyo na ithibati ikimbiwe? Hapana. Zilizo nayo ni chache, na nyingi ziko mijini. Maabara ndogo ya wilayani inaweza kufanya kazi nzuri kabisa ikiwa inafanya mambo mawili: inapima sampuli za majaribio kila asubuhi kabla ya kugusa damu ya mgonjwa, na inashiriki mpango wa nje wa ubora, ambapo hutumiwa sampuli zenye majibu yasiyofichuliwa ili uwezo wake upimwe. Ulizia hayo.

Anayeamini kwamba leseni na jengo la kifahari vinatosha akumbuke Theranos ya Marekani. Kampuni hiyo ilikuwa na cheti cha serikali, bodi iliyojaa watu mashuhuri na vituo ndani ya maduka ya dawa ya Walgreens, ikijigamba kupima magonjwa mengi kwa matone machache ya damu ya kidole. Gazeti la Wall Street Journal lilianza kuifichua Oktoba 2015. Wakaguzi wa serikali walipoingia kwenye maabara yake ya Newark, California, walikuta kasoro zinazohatarisha maisha ya wagonjwa. Mwaka 2016 kampuni ilifuta majibu ya miaka miwili yaliyotoka kwenye mashine yake, na maabara ikanyang'anywa cheti. Mwanzilishi wake, Elizabeth Holmes, alitiwa hatiani Januari 2022 kwa kuwalaghai wawekezaji na akahukumiwa kifungo cha zaidi ya miaka 11. Wagonjwa waliokuwa wameshabadilishiwa dawa kwa majibu yale hawakuwa na pa kurudishia siku zao.

Majibu mawili yanapopingana

Mara nyingi mgonjwa hukimbilia kusema maabara moja ni ya kitapeli. Inawezekana. Lakini sehemu kubwa ya makosa ya maabara hutokea kabla sampuli haijafika kwenye mashine, na mengine mgonjwa mwenyewe anashiriki. Kabla ya kulaumu, pitia haya:

- Saa. Sukari iliyopimwa baada ya chai na chapati hailinganishwi na ya asubuhi ukiwa na njaa ya saa nane au zaidi.
- Vipimio. Maabara moja huandika sukari kwa mmol/L, nyingine kwa mg/dL. Sukari ya 7.0 na sukari ya 126 ni kitu kimoja. Gawanya kubwa kwa 18. Watu wamelia kwa "kupanda" huku.
- Kuchelewa kwa sampuli. Damu iliyoachwa kwenye joto bila kutenganishwa hupoteza sukari kwa asilimia 5 hadi 7 kila saa, kwa kuwa chembe hai zinaendelea kuila. Damu iliyochotwa asubuhi na kusafirishwa kwa bodaboda hadi mjini mchana inaweza kuonyesha sukari nzuri isiyokuwepo.
- Chupa. Ile ya kifuniko cha zambarau ina dawa ya kuzuia damu isigande, na dawa hiyo ina potasiamu. Damu ikimiminwa kutoka humo kwenda chupa nyingine, majibu ya potasiamu yatatisha bure. Kufunga mpira mkononi kwa nguvu na kwa muda mrefu huku unakunja na kukunjua ngumi nako huipandisha.
- Kipimo si kilekile. Kipimo cha haraka cha malaria hutafuta protini ya vimelea, na protini hiyo hubaki kwenye damu kwa wiki kadhaa baada ya kupona. Darubini hutafuta vimelea wenyewe. Aliyemaliza dozi wiki iliyopita anaweza kuwa na malaria kwenye kipimo cha kwanza na asiwe nayo kwenye cha pili, na wapimaji wote wawili wakawa sahihi.
- Dawa ulizomeza. Kipimo cha choo cha bakteria wa vidonda vya tumbo huharibiwa na omeprazole iliyotumika ndani ya wiki 2 na antibayotiki ndani ya wiki 4. Mwambie daktari, usiache dawa kimyakimya.

Ikiwa yote hayo yako sawa na majibu bado yanapingana, usipime mara ya tatu popote ulipopakuta. Peleka karatasi zote mbili kwa daktari, achague maabara ya rufaa, na sampuli mpya ichukuliwe kwa masharti yanayojulikana. Kupiga kura kwa maabara tatu na kufuata wengi ni kupoteza pesa. Mbili zikiwa na kosa lilelile, kosa ndilo litakaloshinda.

Taifodi na UTI: hapa ndipo pesa zinapopotelea

Hakuna majibu yanayogawiwa mitaani kwa ukarimu kama haya mawili. Mtu akiingia na uchovu, hutoka na yote mawili.

Taifodi ya mitaani hutoka kwenye kipimo cha Widal, kilichobuniwa mwaka 1896. Hakitafuti bakteria, kinatafuta kinga ambazo mwili umetengeneza. Kinga hizo zinaweza kuwa za ugonjwa wa zamani, za chanjo, au za maambukizi mengine yanayofanana nao. Utafiti uliochapishwa mwaka 2010, uliofanywa kwa watoto waliolazwa Hospitali Teule ya Muheza, ulionyesha kwamba Widal ikisema hakuna taifodi, karibu kila mara ilikuwa kweli. Ikisema ipo, ni takriban mtoto mmoja kati ya wanne aliyekuwa nayo. Waliobaki wangetibiwa ugonjwa usio wao.

Hali haiko kwenye taifodi peke yake. Kule Moshi watafiti walifuatilia wagonjwa waliolazwa kwa homa, na matokeo yakachapishwa mwaka 2013: zaidi ya asilimia 60 walikuwa wameandikiwa malaria, ilhali malaria halisi ilikuwa chini ya asilimia 2. Homa zao zilikuwa na vyanzo vingine ambavyo havikutafutwa.

Kinachofaa kufanywa mtu akiambiwa ana taifodi:

1. Uliza kipimo kilichotumika. Kama ni Widal moja tu, uliza kama damu inaweza kuoteshwa.
2. Damu ya kuotesha itolewe kabla ya kuanza antibayotiki. Majibu huchukua siku kadhaa, na hata hayo hukosa baadhi ya wagonjwa, lakini yakipatikana yanataja bakteria mwenyewe na dawa inayomuua.
3. Usirudie Widal "kuangalia kama imeisha". Kinga hubaki baada ya ugonjwa kuondoka, na kuna watu wamemeza dozi nne mfululizo wakizifukuza.

Kuhusu UTI, tazama karatasi. "Pus cells 2–4" kwa maabara nyingi ni hali ya kawaida. "Epithelial cells" zikiwa nyingi, sampuli ilichanganyika na uchafu wa ngozi na inapaswa kurudiwa. Mkojo unaofaa ni ule wa katikati: jisafishe, mwaga wa mwanzo, kinga unaofuata kwenye kikopo safi cha maabara (si chupa ya juisi iliyooshwa), ufike ndani ya saa 2. Na kama huna maumivu, huna homa, huendi haja mara kwa mara, bakteria wachache kwenye mkojo kwa kawaida hawahitaji dawa. Mjamzito ni tofauti: yeye hutibiwa hata bila dalili.

Mashine ya kupima mwili mzima

Hii imeulizwa sana. Mteja anashika chuma mkononi, waya unaingia kwenye kompyuta, na baada ya dakika moja inatoka ripoti ya kurasa kadhaa: ini limechoka, mifupa imekosa kalsiamu, figo zina sumu, macho nayo hayakuachwa. Kisha virutubisho vinaletwa mezani, na bei yake.

Hakuna njia ya kisayansi ya kujua kazi ya ini au figo kwa kushika chuma. Kazi ya figo hupimwa kwa damu na mkojo. Anayesema "lakini ilinitajia tatizo langu kweli" afikirie: ripoti inayotaja viungo 30 haiwezi kukosa kimoja kinachouma. Na hasara kubwa si pesa. Ni mwenye sukari aliyeambiwa kongosho lake liko vizuri akaacha kwenda kliniki. Wanaofanya hivyo chini ya turubai barabarani wakiombwa usajili wa PHLB, kawaida huonyesha cheti cha kampuni au cha semina. Hicho si usajili wa maabara.

Vituo vya picha

Hapa mambo ni mafupi. Eksirei, siti skani na mashine ya kupiga picha matiti hutumia mionzi. Altrasaundi na MRI hazitumii. Kwa hiyo usimtake mwenye altrasaundi leseni ya TAEC, mwulize mpiga picha amesajiliwa wapi.

Kwenye chumba cha eksirei tazama:

- alama ya mionzi mlangoni na mlango unaofungika wakati wa kupiga;
- mhudumu akiwa nyuma ya kinga, na akivaa beji inayopima mionzi anayopata;
- kama mwanamke ameulizwa iwapo ana mimba, kabla ya kupigwa na si baada;
- ndugu na watoto wakitolewa nje.

Omba picha pamoja na ripoti iliyosainiwa. Picha bila maelezo ya mtaalamu humlazimu daktari anayefuata kubahatisha, au kukurudisha ukapigwe upya na kupata mionzi mara ya pili. Altrasaundi ya mjamzito, kwa ushauri wa Shirika la Afya Duniani, inatosha moja kabla ya wiki ya 24 kwa mimba isiyo na shida. Anayekuita kila mwezi akueleze sababu.

VVU, vinasaba na siri zako

Kipimo kimoja kikionyesha VVU, hayo bado si majibu ya mwisho. Lazima yathibitishwe kwa vipimo vingine vya aina tofauti. Kujipima kunaruhusiwa Tanzania tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2019, lakini jibu la nyumbani pia huthibitishwa kituoni. Aliyejiweka hatarini wiki hii asitulizwe na majibu ya leo. Arudie baada ya miezi 3. Ila kama hazijapita saa 72, aende kituoni sasa hivi aulizie dawa za kinga.

Vinasaba vya kutambua baba wa mtoto vina sheria yake ya mwaka 2009, chini ya Mamlaka ya Maabara ya Mkemia Mkuu wa Serikali. Ombi hupitia wanaotambulika kisheria, wakiwemo mahakama, wakili na ofisa ustawi wa jamii. Baba anayempeleka mtoto kimyakimya kwa dalali wa mtandaoni atalipia karatasi isiyomsaidia popote.

Majibu siku hizi hutumwa kwa WhatsApp. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 inaziweka taarifa za afya kwenye kundi linalohitaji ulinzi wa ziada. Toa namba yako wewe, si ya jirani mwenye simu nzuri, na ikiwezekana chukua majibu kwa mkono.

Daktari akisisitiza maabara moja

Wakati mwingine ana sababu njema: anajua ubora wao. Wakati mwingine kuna kamisheni. Njia ya kutofautisha ni kuomba fomu ya vipimo iandikwe na kusema unakwenda kwingine penye usajili. Anayekataa hata kuyatazama majibu ya huko, bila kueleza kasoro yake, ametoa jibu. Uliza pia kila kipimo kwenye fomu kitabadilisha nini kwenye matibabu. Orodha ya vipimo 12 kwa mafua inahitaji maelezo.

Pa kupeleka malalamiko

Anza na msimamizi wa maabara, kwa maandishi. Usipojibiwa, nenda kwa Mganga Mkuu wa Wilaya. Ofisi yake ina mratibu wa maabara anayevijua vituo vya eneo lake kwa majina. Kisha bodi au baraza linalohusika kama ilivyotajwa juu: jengo kwa PHLB, mtu kwa baraza lake, kifaa au kitendanishi kwa TMDA, mionzi kwa TAEC.

Beba:

- risiti na karatasi ya majibu, nakala si asili;
- tarehe na saa ya kuchukuliwa sampuli;
- jina la aliyekuhudumia;
- majibu ya maabara ya pili, kama yapo, na maoni ya daktari;
- picha ya cheti cha ukutani, au ya ukuta usio nacho.

Usianze kwa kuiweka maabara kwenye mitandao ya kijamii. Mbali na hatari ya kushtakiwa kwa kashfa, tangazo hilo humpa mwenye kosa muda wa kupanga makaratasi kabla mkaguzi hajafika. Peleka malalamiko mapema, hata kama dawa ulizopewa kimakosa hazikukudhuru; bodi haiwezi kuikagua maabara kwa kosa ambalo hakuna aliyeliandika.